MSIMNUNUE MPIGA LITUNGU

Hakuna mwananchi wa Tarime wala wa Serengeti asiyejua nguvu ya litungu. Hotuba ya saa mbili huweza kusahauliwa kabla watu hawajafika nyumbani, lakini wimbo uliopigwa kwa nyuzi zile nane hutembea toka Sirari mpaka Nyamongo, ukavuka ng'ambo ya pili hata Mugumu, na watoto wakauimba machungani wakifuata ng'ombe. Kwa sababu hiyo sisi wa Chama tumekuwa wepesi mno kumwita mpiga litungu kila tunapotaka mkutano ujae. Na kwa sababu hiyo hiyo yatupasa leo tuseme jambo ambalo baadhi ya wenzetu hawatapenda kulisikia.

Imeanza desturi mbaya. Mwimbaji aitwa, apewa fedha kidogo na chakula, kisha apewa karatasi yenye majina ya watu wa kuwasifu. Mahali pengine aambiwa aje siku moja kabla, aimbe faraghani mbele ya viongozi, ili wimbo "usafishwe". Mwandishi wa tahariri hii amepata kukaa katika kamati ya namna hiyo, na hakusema neno. Mwimbaji alikuwa na ubeti juu ya kisima cha kijiji ambacho pampu yake ilikuwa imekufa tangu masika. Tukamwambia ubeti huo auache. Kesho yake aliimba vizuri, akatutaja sote kwa majina, na wanawake waliokuja na ndoo zao wakatuangalia kimya mpaka mkutano ukaisha. Kimya kile kilikuwa hukumu. Mtu aliyesomea ualimu ajua vema kwamba darasa likinyamaza namna ile, mwalimu ndiye aliyeshindwa mtihani.

Ndugu wasomaji, si mara ya kwanza kwa wenye mamlaka kuogopa wimbo wa mwananchi. Tutazame kwa jirani zetu wa Kenya, ambako wengi wetu tuna ndugu, shemeji na wajomba, maana mpaka wa Sirari na Isebania ulichorwa na mkoloni ukapita katikati ya ukoo mmoja. Tuwakumbuke watu wa Kamiriithu.

Kamiriithu ni kijiji karibu na Limuru, katika Kiambu. Kilizaliwa katika miaka ya Hali ya Hatari, mkoloni alipowakusanya Wakikuyu kwa nguvu katika vijiji vya kulindwa ili awatenge na wapiganaji wa msituni. Uhuru ulipokuja mwaka 1963, watu wake walikuwa vibarua wa mashamba ya chai, wafanya kazi wa kiwanda cha viatu cha Bata, wakulima wa vishamba vidogo, na wengine wasio na kazi wala shamba. Mwaka 1976 mwanamke mmoja wa kijiji hicho alikwenda nyumbani kwa mwandishi Ngugi wa Thiong'o, aliyekuwa mwalimu katika Chuo Kikuu cha Nairobi, akamtaka yeye na wasomi wenzake wakigawie kijiji chao elimu waliyo nayo. Alirudi tena na tena mpaka akakubaliwa. Tunataka vijana wetu wenye vyeti wamtafakari sana mama huyo. Hakuomba sadaka, alidai haki.

Wakaanza na kisomo cha watu wazima, wakiongozwa na Ngugi wa Mirii. Baada ya kujua kusoma, wanakijiji wakauliza, sasa tufanye nini? Wakaamua kufanya mchezo. Wale Ngugi wawili wakaandika rasimu kwa Kikuyu, wakaiita *Ngaahika Ndeenda*, na baadaye ikatolewa kwa Kiswahili kwa jina la *Nitaolewa Nikipenda*. Mwongozaji alikuwa Kimani Gecau. Ni habari ya kibarua Kiguunda na mkewe Wangeci, ambao mali yao yote duniani ni ekari moja na nusu na hati yake. Tajiri Ahab Kioi aitaka ardhi hiyo. Kijana wake ampa mimba binti yao, Gathoni, kisha amkana. Baba na mama washawishiwa wafunge ndoa ya kanisani ya kifahari, wakopa fedha benki kwa dhamana ya hati yao, na mwisho shamba lanadiwa. Nani kati yetu hajaona jambo la jinsi hiyo?

Lakini ukubwa wa kazi ile haukuwa katika karatasi ya wasomi. Ulikuwa katika waigizaji. Mazoezi yalifanywa Jumamosi na Jumapili alasiri, ili mtu asikose kazi yake, na yalifanywa mahali pa wazi, kila apitaye akaweza kusimama na kutoa sauti. Wafanya kazi wa viwandani walisahihisha maneno juu ya mishahara na kazi, kwa kuwa wao ndio waliozifanya. Wazee walisahihisha lugha, wakisema mzee hazungumzi hivyo. Sehemu nzima ya nyimbo za gitiiro ilitamkwa neno kwa neno na mwanamke asiyejua kusoma wala kuandika, na msomi ndiye aliyeshika kalamu akawa karani wake. Vijana wa kijiji walipanga mfano wa jukwaa kwa njiti za kiberiti juu ya ardhi, kisha wanakijiji wakalijenga kwa mikono yao jukwaa la wazi lenye nafasi ya watu wapatao 2,000. Hakuna mfadhili aliyekuja na ubao wenye jina lake.

Mchezo ulifunguliwa tarehe 2 Oktoba 1977. Watu walikuja kwa miguu na kwa mabasi ya kukodi. Nyimbo na ngoma hazikuwa pambo la kupumzisha macho katikati ya maneno. Zilikuwa ndiyo maneno yenyewe, na watazamaji walizijua, wakaimba pamoja na waigizaji hata usiweze kusema jukwaa limeishia wapi. Kibarua aliyezoea kuonwa kuwa mikono tu alisimama mbele ya maelfu akasema, akaimba, akalia, akachekesha, na kesho yake asubuhi akarudi kazini akiwa mtu mwingine.

Wiki saba hazikuisha. Tarehe 16 Novemba 1977 serikali ya wilaya iliondoa kibali cha mikusanyiko mahali pale, na mchezo ukafa. Tarehe 31 Desemba mwaka huo huo Ngugi wa Thiong'o alikamatwa, akawekwa kizuizini katika gereza la Kamiti bila kufikishwa mahakamani, akakaa humo karibu mwaka mzima, hata tarehe 12 Desemba 1978. Humo gerezani aliandika riwaya nzima kwa Kikuyu juu ya karatasi za chooni. Ona basi: aliandika vitabu vya Kiingereza kwa miaka mingi, vyenye maneno makali, akaachwa. Alipowapa vibarua wimbo katika lugha yao wenyewe, mlango wa gereza ukafunguka. Wakubwa walijua wanaogopa nini. Hawakuogopa kitabu, waliogopa mkulima asimamaye jukwaani.

Watu wa Kamiriithu hawakukata tamaa. Mwaka 1982 walitayarisha mchezo wa pili, *Maitu Njugira*, yaani Mama Niimbie, wenye nyimbo nyingi kuliko ule wa kwanza, zilizochukuliwa katika makabila mbalimbali ya Kenya, juu ya kipande, kodi na kazi za shuruti za wakati wa mkoloni. Waliomba kibali, wasijibiwe. Walipofika Ukumbi wa Taifa wa Michezo mjini Nairobi mwezi Februari walikuta milango imefungwa na polisi wamesimama. Wakaendelea kufanya mazoezi katika ukumbi wa Chuo Kikuu, na maelfu ya watu wakaja kutazama mazoezi tu, mpaka hayo nayo yakazuiwa. Mwezi Machi kituo chao kilifutwa, kisha wakaja askari wakalibomoa jukwaa lile la vijiti na mbao. Gecau na Ngugi wa Mirii walikimbilia Zimbabwe. Ngugi wa Thiong'o alibaki ugenini miaka mingi, akafariki huko Marekani tarehe 28 Mei 2025.

Je, wabomoaji walishinda? Mwezi Mei 1982, miezi miwili baada ya jukwaa kuvunjwa, wangaliweza kujisifu kwamba wameshinda. Lakini mwezi Mei 2022 *Ngaahika Ndeenda* ilichezwa Nairobi, katika ukumbi ule ule wa taifa uliofungwa kwa kufuli, kwa Kikuyu na kwa Kiingereza. Waliotia kufuli hakuna awakumbukaye kwa wema. Tena katika nchi nyingi za Afrika walimu na wasanii wamejifunza kutoka Kamiriithu kwamba mchezo waweza kutungwa na wale wale wenye shida, si kuletewa toka mjini kama dawa ya chupa.

Wengine watasema, hayo ni mambo ya Kenya. Si ya Kenya tu. Huko New York mwaka 1967 ulianza mchezo wa nyimbo uitwao *Hair*, na mwezi Aprili 1968 ukaingia katika kumbi kubwa za Broadway. Watungaji wa maneno, Gerome Ragni na James Rado, walikuwa wenyewe waigizaji wakuu. Muziki ulitungwa na Galt MacDermot, Mkanada aliyesoma Cape Town na kujifunza huko ngoma za Kiafrika. Waigizaji walikuwa vijana wenye nywele ndefu, karibu theluthi moja yao Wamarekani weusi, wakiimba kuipinga vita ya Vietnam na ubaguzi wa rangi. Kulikuwa na mambo mle ambayo mzee wa Kikurya hangeyatazama mara mbili, kama waigizaji kusimama uchi, nasi hatuyasifu. Lakini mji wa Chattanooga, katika jimbo la Tennessee, ulipokataa kuwakodisha ukumbi wa umma, kesi ilikwenda hadi Mahakama Kuu kabisa ya Marekani, na mwaka 1975 majaji wakaamua kwamba mji ulikosea, kwa kuwa wakuu wa mji hawana haki ya kuunyima mchezo ukumbi wa umma kwa hofu tu, kabla haujachezwa na bila utaratibu wa haki.

Linganisheni. Marekani, nchi ambayo haikutufundisha usawa, ilisema mwaka 1975 kwamba ukumbi wa umma ni wa umma. Miaka saba baadaye, katika mji mkuu wa taifa huru la Kiafrika, wakulima waliofukuza mkoloni walifungiwa ukumbi wenye jina la taifa lao. Ni aibu ambayo Mwafrika hawezi kumtwika mkoloni.

Na sisi Watanzania tusijione watakatifu. Mwalimu Nyerere, katika hotuba yake ya tarehe 10 Desemba 1962, alitangaza Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana, akasikitika kwamba tulifundishwa kucheza dansi za Kizungu tukazionea haya ngoma zetu. Neno lile lilikuwa kweli tupu. Baada ya Azimio la Arusha washairi waliombwa waieneze siasa ya Ujamaa, na ngonjera za Mathias Mnyampala zikasemwa mashuleni nchi nzima. Kazi hiyo ilikuwa njema. Lakini mwaka 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana, na vijana wakaanza kuwawinda dada zao mitaani kwa ajili ya vimini, nywele za bandia na suruali za kubana. Tukapima utamaduni kwa urefu wa sketi. Na ngoma zetu nazo, zilizokuwa zikisema, taratibu zikageuzwa kuwa za kupokelea wageni kiwanja cha ndege. Mwimbaji aliyejifunza kusifu kila ajaye mwisho haaminiwi na yeyote, hata na yule anayesifiwa. Mgeni njoo, mwenyeji apone, lakini hapa mgeni alikuja, mwenyeji akabaki akipiga makofi juani.

Sasa tuje kwenye hoja ngumu. Wapo watakaosema: mkimwacha mwimbaji aimbe apendavyo, ataimba pia maovu. Twakubali. Katika Kenya ya mwaka 1929 ulizuka wimbo wa Muthirigu, ambao mkoloni aliupiga marufuku mwaka uliofuata. Ulikuwa wimbo wa watu kweli, uliowakemea wakoloni na wamisioni, lakini pia ulitetea ukeketaji wa wasichana na kuwatukana wasiokeketwa. Nasi hapa kwetu tusijifiche nyuma ya kidole. Zipo nyimbo za litungu zilizomsifu mwizi wa ng'ombe kama shujaa, na vijana wakaacha maiti porini kwa ajili ya sifa hizo. Zipo nyimbo za msimu wa tohara, mwezi wa Desemba, zinazomfanya binti ambaye hajakeketwa aone haya kwenda kisimani. Sheria imekataza kumkeketa msichana wa chini ya miaka 18 tangu mwaka 1998, lakini uchunguzi wa afya wa taifa wa mwaka 2015 na 2016 ulionyesha kwamba katika Mkoa wa Mara wanawake 32 katika kila 100, wa umri wa miaka 15 hadi 49, walikuwa wamekeketwa, wakati kwa nchi nzima walikuwa 10 katika kila 100. Karatasi ya sheria peke yake haikuweza kuushinda wimbo.

Ni nini basi kiushindacho wimbo mbaya? Ni wimbo mwema, ulioimbwa na mwenye haki ya kuuimba. Nenda Masanga, katika Tarime, au katika nyumba salama ya Mugumu, ambako wasichana hukimbilia wakati wa msimu ule. Wengine hufika usiku, bila viatu. Hufundishwa, hulindwa, na siku ya kuagana husimama mbele ya watu wakaimba na kuigiza mambo yaliyowakimbiza. Baba anayetazama pale hasikilizi ofisa wa mjini, amsikiliza binti wa jirani, kwa lugha ya nyumbani, kwa mdundo autambuao miguuni kabla haujafika kichwani. Wasichana hao ndio Kamiriithu yetu. Wao ndio waliopinga mila ya wakubwa wakiwa hawana bunduki wala fedha, wana sauti tu. Twathubutu kusema kwamba kuimba kwao kwadai ushujaa mwingi kuliko hotuba zetu, maana sisi tukishasema twapanda gari, na wao wakishaimba hurudi kijijini.

Lakini binti huyo ataimbaje juu ya kisu ikiwa mpiga litungu amekatazwa kuimba juu ya kisima? Haiwezekani kumwambia mwananchi, kuwa jasiri mbele ya baba yako na wazee wa mila, lakini mbele yetu sisi viongozi uwe kasuku. Ujasiri ni mti mmoja. Ukiukata shina upande wako, matunda hayatapatikana upande wa pili.

Kwa hiyo tahariri hii yasema wazi mambo manne, nayo twayaweka mbele ya kila tawi la Chama katika wilaya hizi mbili.

Kwanza, mwimbaji alipwe kwa jasho lake kama fundi yeyote, lakini asilipwe kwa majina. Mwenye kutaka kusifiwa na atengeneze pampu ya kisima, sifa zitakuja zenyewe bila karatasi.

Pili, wimbo usikaguliwe kabla ya mkutano. Ukiwa na uongo ndani yake, kiongozi asimame aujibu mbele ya watu wale wale waliousikia. Ukiwa na kweli, kiongozi asimame aseme atafanya nini, na lini. Uchochezi wa damu kati ya koo na koo una sheria yake na mahakama yake. Kiongozi kuona haya si uchochezi.

Tatu, kumbi za shule, za kata na za Chama zifunguliwe kwa vikundi vya wananchi jioni na siku za mapumziko. Ukumbi ufungwao mwaka mzima ukingoja mgeni rasmi ni ghala la vumbi. Na mahali pasipo na ukumbi, watu wa Kamiriithu walikwisha tuonyesha kwamba mwanzo wa ukumbi ni njiti za kiberiti.

Nne, walimu vijana waache kungoja kuletewa michezo iliyokwisha tungwa. Wakae na wazee na akina mama wa Kikurya, Kingoreme, Kiikoma na Kinata, washike kalamu, wawe makarani wao. Kiswahili kitatuunganisha taifa zima, wala hakuna anayebisha. Lakini mtoto asiyejua bibi yake anaimba nini hataongeza kitu katika Kiswahili hicho ila mwangwi.

Tunajua wapo wakubwa watakaouliza, nyinyi mwajenga Chama au mwakibomoa? Twawajibu kwa heshima. Chama kilichopigania uhuru hakikujengwa na watu waliokaguliwa nyimbo zao. Kilijengwa na watu walioimba mbele ya askari wa mkoloni wakijua kwamba jela ipo. Chama kisichoweza kusikia ubeti mmoja juu ya kisima kimeanza kuziba masikio yake chenyewe, na kiziwi hafai kuongoza njia usiku.

Yule mpiga litungu tuliyemnyang'anya ubeti wake yu hai, na litungu lake lingali limeangikwa ukutani. Pampu nayo ingali imekufa. Katika mkutano ujao wa tawi mwandishi wa tahariri hii atamwomba radhi mbele ya watu, kisha atamwomba aimbe ubeti ule wote, na viongozi waketi mstari wa mbele wausikilize mpaka mwisho. Wenye ndoo nao waje.